Barua ya Wazi kwa Wenye Dhamana ya Kitambaa cha Bayeux

Kwa:
Mheshimiwa Rais wa Jamhuri ya Ufaransa,
Mheshimiwa Waziri wa Utamaduni wa Ufaransa,
Waheshimiwa Wajumbe wa Bodi ya Wadhamini wa British Museum, London.

YAH: OMBI LA KUSITISHA SAFARI YA KITAMBAA CHA BAYEUX KWENDA LONDON

Waheshimiwa,

Tafadhali rejeeni kichwa cha habari hapo juu.

Mimi ni mkazi wa London, lugha yangu ya kuzaliwa ni Kiswahili, na riziki yangu inatokana na sindano: natengeneza nguo na vitambaa vya zamani vilivyochakaa, vikiwemo vilivyodariziwa kwa sufu juu ya kitani. Kama ningeangalia haja yangu peke yake, ningeshangilia mpango wenu, kwa sababu kitambaa ninachokithamini kuliko vyote vilivyowahi kutiwa sindano kingeletwa mahali ninapofika kwa basi moja. Hata hivyo ninawaandikia kuwaomba msikilete.

Siandiki hadharani kwa kupenda kelele. Njia za ndani zimekwisha kutumiwa, tena na watu wenye ujuzi na vyeo kunizidi. Februari 2025 afisa wa utamaduni wa mkoa wa Normandie anayeshughulikia makumbusho alieleza kwamba kitambaa hiki ni dhaifu mno, na kwamba kukisafirisha masafa marefu kungehatarisha uhifadhi wake. Miezi mitano tu baadaye, tarehe 8 Julai 2025, ilitangazwa London kwamba kitaazimwa na British Museum kuanzia Septemba 2026 hadi Julai 2027. Ndipo lilipoanzishwa Ufaransa ombi la umma, likiongozwa na mwandishi wa habari za sanaa Didier Rykner, ambalo makumi ya maelfu ya watu wamelitia saini. Jibu lililotoka upande wa serikali lilikuwa kwamba upo uchunguzi wa mwanzoni mwa mwaka 2025 unaoeleza namna ya kukishika na kukibeba kitambaa, lakini yaliyomo ndani ya uchunguzi huo hayakuwekwa wazi. Wataalamu wakishasikilizwa na kupitwa, na karatasi yenye majibu ikabaki kabatini, mwenye swali hana pengine pa kulipeleka ila mbele ya watu.

Pengine mtauliza mtu wa Kiswahili anaingiaje katika jambo la Wafaransa na Waingereza. Mwaka 2007 kitambaa hiki kiliandikwa katika orodha ya UNESCO ya Kumbukumbu ya Dunia. Dunia hiyo nami nimo, na kitu kikishaandikwa kuwa kumbukumbu ya wote, kila mmoja ana haki ya kuuliza kinatunzwaje.

Kwa ajili ya wasomaji wenzangu ambao hawajakiona, nieleze kinachobishaniwa. Ni mkanda wa kitani wenye urefu wa karibu mita 70 na kimo cha nusu mita, ulioungwa kwa vipande tisa, na juu yake kimedariziwa kisa kizima cha namna William, mtawala wa Normandie, alivyovuka bahari mwaka 1066 na kumnyang'anya Harold ufalme wa Uingereza. Wanahistoria wengi wanaamini kwamba aliyeagiza kazi hiyo ni Odo, askofu wa Bayeux na ndugu wa William kwa mama, na kwamba mikono iliyodarizi ilikuwa ya Waingereza wenyewe, walioshindwa vitani, katika miaka isiyo mingi baada ya vita. Maandishi ya kwanza yanayokitaja ni orodha ya mali za kanisa kuu la Bayeux ya mwaka 1476, na wakati huo tayari kilikuwa na umri wa karibu miaka 400.

Ni historia, lakini imesimuliwa kama hadithi za kale zinavyosimuliwa. Juu na chini ya kisa pamepita kingo mbili zilizojaa simba, mazimwi, ndege waliosokotana shingo, na visa vya wanyama wa Aesop, yule mbweha na yule kunguru aliyeangusha jibini. Farasi wengine ni wa buluu, na mguu wa mbali umepewa rangi tofauti na mguu wa karibu ili jicho lijue upi uko nyuma. Ipo sehemu ambapo kundi la wanaume wameinua vidole kuelekea nyota yenye mkia, ile tunayoiita leo nyota ya Halley. Pembeni yao Harold ameketi kwenye kiti cha enzi, ameinamisha kichwa akisikiliza habari, na chini ya miguu yake, ukingoni, zimeshonwa merikebu tupu, hazina watu wala rangi ndani, ni mistari mitupu. Hizo ni merikebu ambazo bado hazijaundwa. Ndiyo hofu iliyomo kichwani mwa mfalme. Sijaona kazi nyingine ya uzi iliyoweza kuonyesha wazo la mtu namna hiyo.

Kitu hicho ndicho mnachotaka kukipakia garini. Haya ndiyo yanayonitia wasiwasi.

1. Hali ya kitambaa chenyewe. Ukaguzi wa mwaka 2020, uliofanywa na mafundi wa uhifadhi wa vitambaa, ulihesabu madoa 24,204, mikunjo 16,445, sehemu 9,646 zilizotoboka au kupoteza kitani ama nyuzi, na michaniko 30 ambayo haijaimarishwa. Hesabu hizo zilitolewa na upande wa watunzaji, si na wapinzani wa mpango. Madoa kwa sehemu kubwa ni jambo la macho, na mikunjo mingi ni ya karne zilizopita. Sitazidisha chumvi hapo. Ninachokiogopa ni hiyo michaniko 30 na hizo sehemu 9,646. Kitani kikongwe hakichaniki kama nguo mpya, ambayo utasikia nyuzi zikikatika moja baada ya nyingine. Kinamegeka. Kwenye meza yangu huwa natandika kitambaa cheusi chini ya kazi yoyote ya kitani cha zamani, na kila ninapoiinua kazi hiyo, hata kwa mikono miwili na kwa utaratibu wote, kile cheusi kinabaki na vumbi jembamba lenye rangi ya majani makavu. Vumbi hilo si uchafu, ni kitambaa chenyewe kinachoondoka. Na vitambaa ninavyovishika mimi havijafikia hata nusu ya umri wa hiki. Kazi ya kukiimarisha, iliyozungumzwa baada ya ukaguzi ule, haijafanyika mpaka sasa ninapoandika, na sijaona popote mlipoeleza kwa nini safari itangulie na matengenezo yafuate.

2. Mtikisiko. Hili naomba mlisome kwa makini, kwa sababu ndilo linalopotea katika hotuba. Mistari ya michoro ya Bayeux imeshonwa kwa mshono wa kawaida wa kufuatana, lakini sehemu zilizojazwa rangi, yaani farasi, merikebu, deraya na kanzu, zimejazwa kwa njia nyingine: nyuzi za sufu zimelazwa ubavu kwa ubavu juu ya kitani, zikawekewa nyuzi nyingine za kukingama, kisha hizo za kukingama zikashikizwa kwa vishono vidogo vidogo. Maana yake ni kwamba sehemu kubwa ya sufu haikupenya kitani, bali imekaa juu yake, na uzito wake wote unategemea vitundu vidogo ambamo vishono vinaingia. Kila gari linaponguruma, kila tairi linapopita kwenye kiungo cha daraja, sufu inasogea kidogo juu ya kitani na vile vitundu vinavutwa. Mvuto mmoja hauonekani kwa jicho, lakini kutoka Bayeux hadi London ni mamia ya kilomita, iwe kwa njia ya chini ya bahari au kwa meli, na kilichokwenda lazima kirudi. Ongezeni kwamba nyuma ya kitambaa kuna bitana, ya kwanza ikiwa iliwekwa mwaka 1724, na kwamba kitambaa pamoja na bitana na vishikizo vyake kina uzito wa karibu kilo 350. Tabaka zote hizo hazitikisiki kwa pamoja. Kila moja ina mwendo wake, na kitani cha asili kiko katikati.

Tena wenye kitambaa wanakubali kwamba uzito wake ni mzigo kwake. Katika jumba jipya linalojengwa Bayeux, hakitaning'inizwa tena kama kilivyokuwa tangu mwaka 1983, bali kitalazwa juu ya kiegemeo cha mwinamo, ili kitani kisijibebe chenyewe. Ikiwa hata kuning'inia kwa utulivu kumeonekana kuwa ni kukitesa, sielewi ni kwa hesabu gani mwendo wa barabarani umeonekana kuwa salama.

3. Mwanga. Jambo hili halisemwi sana, na kwangu linakaribia uzito wa lile la pili. Rangi zote za asili za kitambaa hiki zilitoka kwenye mimea mitatu tu: mmoja wa kutoa wekundu, mmoja wa kutoa manjano, na mmoja wa kutoa buluu ya jamii ya nili, wadarizi wakachovya na kuchanganya mpaka wakapata rangi zipatazo kumi. Rangi za mimea huliwa na mwanga, na mwanga hujumlishwa: saa moja ya leo inaongezwa juu ya saa zote zilizotangulia, na hakuna giza linaloweza kurudisha kilichokwisha kuliwa. Ndiyo maana chumba cha Bayeux kilikuwa na mwanga hafifu, na wageni wengine wakinung'unika kwamba hawaoni vizuri. Jumba lile lilifungwa Septemba 2025 na linatazamiwa kufunguliwa Oktoba 2027. Kwa mara ya kwanza katika miongo mingi, kitambaa kingepata miaka miwili ya kupumzika gizani. Ninyi mmeamua kukitoa pumziko hilo na kukiweka miezi kumi mbele ya umati, katika onyesho ambalo, kwa shauku iliyopo hapa London, halitakosa kuombewa saa za ziada jioni na mwisho wa wiki. Hata kama safari ingekuwa laini kama maji mtungini, bado pumziko hilo litakuwa limepotea.

4. Historia ya safari zake. Kila mara kitambaa hiki kilipoondolewa mjini kwake kilikuwa kinatumikia haja ya watawala au kinakimbia vita. Haikuwahi kuwa kwa faida yake. Mwaka 1792, katika vurugu za Mapinduzi ya Ufaransa, kilichukuliwa kiwe turubai la kufunika mizigo ya jeshi, na kikaokolewa na mwanasheria wa mji, Lambert Léonard-Leforestier. Mwishoni mwa mwaka 1803 Napoleon alikiagiza Paris kionyeshwe kwa umma, wakati akiandaa jeshi la kuivamia Uingereza, ili watu waone kwamba jambo hilo liliwahi kufanyika. Kiliporudi Bayeux kiliviringishwa kwenye magurudumu mawili na kukunjuliwa mbele ya kila mgeni. Mwingereza mmoja, Hudson Gurney, aliyekiona mwaka 1814, aliifananisha mashine hiyo na ile ya kuteremshia ndoo kisimani. Mwisho wa kitambaa, panapoonyeshwa Waingereza wakikimbia baada ya kifo cha Harold, ni matambara yaliyotengenezwa upya, na kipande cha mwisho kabisa hakipo. Mwaka 1941, chini ya Wajerumani, kilihamishiwa ngome ya Sourches, na Juni 1944 kikapelekwa Louvre. Agosti mwaka huo watu wa SS, kikosi cha Wanazi, walitumwa kukichukua, wakakuta jengo limekwisha kushikwa na wapiganaji wa Paris. Kilirudi nyumbani mwaka 1945.

Tangu hapo hakijatoka Normandie. Uingereza iliomba kukiazima mwaka 1953, kwa ajili ya kutawazwa kwa Malkia Elizabeth II, na tena mwaka 1966, ilipotimia miaka 900 ya vita vya Hastings, vile ambavyo William alimshinda Harold. Mara zote mbili watangulizi wenu walikataa, na hakuna aliyesema kwamba urafiki wa nchi hizi mbili ulivunjika kwa sababu hiyo. Kitambaa hakijawa na nguvu zaidi tangu mwaka 1966.

5. Uamuzi kutangulia ushahidi. Wazo la kukiazimisha lilitangazwa kwa mara ya kwanza Januari 2018. Ukaguzi wa hali yake ukafanyika mwaka 2020. Uchunguzi mnaoutegemea ni wa mwaka 2025. Kwa mpangilio huo, wataalamu waliitwa wakati jambo lilikwisha kutamkwa na Rais mbele ya taifa jingine, na mtaalamu aliyeajiriwa kuchunguza jambo ambalo mkubwa wake amekwisha kuliahidi hujikuta anaulizwa litafanyikaje, si kama lifanyike. Simshutumu mtaalamu yeyote kwa kusema uongo. Nasema tu kwamba swali walilopewa halikuwa swali kamili, na kwamba majibu yao, hata kwa swali hilo nusu, yamefichwa.

6. Fedha. Imeripotiwa kwamba serikali ya Uingereza itakidhamini kitambaa kwa kiasi cha takriban pauni milioni 800. Ni fedha nyingi, na hazina kazi. Hakuna fundi wa kulipwa akadarizi upya merikebu zile tupu.

Najua majibu yanayoandaliwa, na ningependa kuyajibu kwa heshima kabla hayajatolewa.

Mtasema kwamba kitambaa kilikuwa lazima kitoke hata hivyo, kwa kuwa jumba linajengwa upya. Ni kweli kilikuwa lazima kitoke, na Septemba 2025 kilitolewa, kazi iliyohitaji watu wengi na siku nzima ya mikono kwenda pamoja hatua kwa hatua. Lakini hatari inayochukuliwa kwa sababu paa linajengwa si sawa na hatari inayochukuliwa kwa sababu kuna onyesho. Ya kwanza haikuepukika, na imekwisha kulipwa. Ya pili ni ya hiari, na inakuja juu ya ile ya kwanza, halafu itafuatwa na ya tatu, siku ya kukirudisha na kukitandika kwenye kiegemeo kipya.

Mtasema kwamba mtafanya majaribio, kwamba nakala itapakiwa kwenye sanduku lile lile na kupitishwa barabara ile ile, na vipimo vitasomwa. Majaribio hayo ni mazuri kwa kujua sanduku linatikisika kiasi gani. Hayawezi kueleza kitani cha zaidi ya miaka 900 kitafanya nini ndani ya mtikisiko huo, kwa sababu nakala haina umri, na umri ndio jambo lenyewe tunalobishania.

Mtasema kwamba vitu vingine vya kale husafiri kila siku, na kwamba Ufaransa nayo itapokea hazina za kale zilizofukuliwa Sutton Hoo, Uingereza, zikiwemo za dhahabu, na vile vinyago vya sataranji vya Lewis, vitakavyoonyeshwa Rouen na Caen. Ninafurahi kwa ajili ya watu wa Normandie, na natamani vifike salama. Ila dhahabu haimegeki kwa kutikiswa, na pembe ya walrasi iliyochongwa ikawa kinyago cha kiganjani hukaa vizuri katika kisanduku chenye sponji. Kubadilishana ni jambo jema pale vinavyobadilishwa vinapoweza kuistahimili safari kwa namna inayokaribiana. Tena hakuna kinachozuia hazina hizo kwenda Normandie hata kama kitambaa hakitakuja huku. Huo ungekuwa ukarimu wa kweli wa British Museum, na nawaomba wadhamini waufikirie.

Mtasema pia, na hili ndilo linaloniingia moyoni kuliko yote, kwamba kazi hii ilidariziwa Uingereza, na kwamba Waingereza wana haki ya kuona kilichotoka mikononi mwa bibi zao. Silipuuzi hata kidogo. Ni haki kwamba wanawake wale, ambao majina yao hayakuandikwa popote, wakumbukwe katika nchi waliyoishi. Lakini nchi hiyo inayo tayari kazi ya kuwakumbuka. Mwaka 1885 Elizabeth Wardle wa mji wa Leek, huko Staffordshire, aliwakusanya wanawake 35 wakaanza kudarizi nakala kamili ya kitambaa cha Bayeux, kwa sufu iliyotiwa rangi kwa mimea, na mwaka uliofuata wakaimaliza. Nakala hiyo iko katika makumbusho ya mji wa Reading, mwendo mfupi wa treni kutoka London. Nimesimama mbele yake muda mrefu. Ni kazi ya watu waliojua sindano, mishono imefuatwa kwa uaminifu mkubwa, isipokuwa pale ukingoni ambapo wanaume waliokuwa uchi katika kitambaa cha asili wamestiriwa kwa vikaptula, na chini ya kila sehemu mwanamke aliyeidarizi ameweka jina lake kwa uzi. Hayo majina ndiyo ambayo kitambaa cha Bayeux hakina. Kama London inataka onyesho kubwa, ilete kazi hiyo ya Leek katika jumba lake kubwa kuliko yote, iitandaze mita zote, iweke kando yake picha za kidijitali za kitambaa cha asili ambazo Bayeux yenyewe iliziweka mtandaoni kwa wote mwaka 2021, zikuzwe mpaka mtu aone kila tundu la sindano. Mtoto wa shule atakayepita hapo atakiona kitambaa kwa ukaribu ambao hakuna kioo cha maonyesho kitakachomruhusu kukiona kile cha asili.

Wengine wataniambia kwamba nakala si sawa na kitu chenyewe. Ni kweli, wala sitajifanya kwamba ni sawa. Anayetaka kukiona kitu chenyewe ataweza kukiona Oktoba 2027 huko Bayeux, kilomita chache kutoka pwani ya Normandie, katika chumba kilichojengwa kwa ajili yake. Safari hiyo ni gharama kwa wengi wetu, nami ni mmoja wao. Ni afadhali gharama hiyo iwe juu yangu kuliko juu ya kitambaa.

Kwa hayo yote, naomba yafuatayo.

Kwanza, safari ya Septemba 2026 isitishwe mpaka michaniko 30 iliyotajwa katika ukaguzi wa 2020 iwe imeimarishwa, na mafundi waliofanya kazi hiyo watamke kwa maandishi, kwa majina yao, kama kitambaa kinaweza kusafiri au hakiwezi.

Pili, ukaguzi wa 2020 na uchunguzi wa 2025 vichapishwe vyote, bila kurasa kuondolewa. Kama uchunguzi wa 2025 unasema safari ni salama, kuuchapisha kutawanyamazisha wapinzani kuliko hotuba yoyote, na mimi nitakuwa wa kwanza kuusoma na kukubali nitakaposhawishika. Kama hausemi hivyo, basi watu wana haki ya kujua kabla sanduku halijafungwa.

Tatu, iundwe kamati ya wahifadhi wa vitambaa kutoka nje ya serikali zote mbili na nje ya British Museum, nayo ipewe mamlaka ya kukataa. Kamati isiyoweza kukataa haina haja ya kuitwa.

Nne, ikiwa baada ya yote hayo bado mtaamua kukisafirisha, basi vipimo vya mtikisiko, joto, unyevu na mwanga vitangazwe kila siku, njia nzima na kwa muda wote wa onyesho. Jumla ya mwanga kitakaoupata London ijulikane na ikatwe kutoka kwenye saa za maonyesho za Bayeux katika miaka itakayofuata. Pasiwe na saa za ziada. Na atajwe kwa cheo chake mtu mmoja mwenye haki ya kusimamisha gari barabarani bila kumpigia simu waziri yeyote.

Tano, iandikwe katika mkataba kwamba kitambaa hakitaazimwa tena kwenda popote, kwa nchi yoyote, rafiki au jirani, kwa sababu yoyote isiyokuwa usalama wake chenyewe. Mlango huu ukishafunguliwa mara moja, atakayeomba baada ya London atakuwa na hoja ile ile mliyoikubali ninyi.

Ninawaheshimu wote niliowataja mwanzoni mwa barua hii, na sina shaka kwamba mmoja mmoja wenu anakipenda kitambaa hiki. Majibu yenu nayasubiri hadharani, kama nilivyouliza, ili na wengine waliotia saini wayasome.

Naomba kuwasilisha.

Wenu kwa heshima,

Mtengenezaji wa vitambaa vya zamani,
London.

Nakala: Meya wa Mji wa Bayeux.